Muhali langoni: tulinde jengo bila kumfungia nje mwananchi

Mjadala wa ulinzi wa majengo ya serikali hapa Zanzibar una pande mbili. Wapo wanaotaka kadi za kielektroniki, alama za vidole na milango ya kukagua metali kila penye ofisi ya SMZ (Serikali ya Mapinduzi ya Zanzibar), kuanzia Vuga, Unguja, hadi Chake Chake, Pemba, na juu ya yote kwenye Vyuo vya Mafunzo, yaani magereza ya huku. Wapo wanaosema ofisi ya serikali ni ya wananchi, na bibi aliyetoka Micheweni alfajiri kufuatilia hati ya shamba lake la mikarafuu asirudishwe kwa kuwa kitambulisho amekiacha nyumbani. Pande zote zina hoja. Tatizo ni kwamba zote huzungumzia mlango, na kumsahau anayeusimamia.

Hoja nzito kuliko zote ya wanaotaka mashine ni muhali, yaani ile haya ya kumkatalia mtu unayemjua, ingawa wenyewe hawaisemi wazi. Visiwa hivi ni vidogo. Mlinzi wa zamu ya asubuhi amesoma skuli moja na nusu ya wanaompita. Mmoja ni shemegi yake, mwengine alimsomesha juzuu amma. Kumwambia mwalimu wako "fungua mkoba" kunataka moyo, basi hupitishwa kwa salamu. Kesho atapita na mgeni wake, keshokutwa mgeni atapita peke yake kwa jina la mwalimu. Kisomaji cha kadi hakina shemegi, na kinaandika saa na dakika.

Daftari la wageni halifanyi hivyo. Tazama daftari lolote la mapokezi: jina, namba ya simu, anakwenda kwa nani, saa ya kuingia, saa ya kutoka. Safu ya mwisho ndiyo tupu kuliko zote, kwa sababu mtu akishamaliza shida yake harudi kuandika. Ukitokea moto saa tano asubuhi, hakuna awezaye kuwaambia zimamoto wamebaki wangapi ndani. Isitoshe, kila anayeandika anasoma majina na simu za waliomtangulia. Dawa yake ni rahisi: kibeji chenye namba, mgeni anakipewa akiingia na kukirudisha akitoka, na mlinzi ndiye anayejaza saa, daftari likiwa upande wake wa meza. Vibeji visivyorudi ndiyo idadi ya waliomo. Kitambulisho kisizuiliwe langoni. Vikirundikwa vitambulisho arubaini kwenye boksi, siku moja kimoja kitapewa asiye mwenyewe, na mwenye nacho atakwama bandarini.

Sasa mashine zenyewe. Anayezipendekeza akumbuke umeme wetu. Mwaka 2008 Unguja ilikaa gizani karibu mwezi mzima, na kuanzia Disemba 2009 hadi Machi 2010 ikakaa miezi mitatu, njia ya umeme inayopita chini ya bahari kutoka Bara ilipoharibika. Hali leo si ile, lakini mlango wa umeme haungoji miezi mitatu kuonesha udhaifu wake. Kufuli ya kawaida ya sumaku, inayoshika kiasi cha kilo 270, hula karibu nusu ampea kwa volti 12. Ongeza kisomaji na kidhibiti chake, inafika ampea 0.8 hivi. Betri ndogo ya ampea-saa 7 inayofungwa pamoja nayo haitodumu kwa muda wa saa tisa hata ikiwa mpya. Na betri za aina hiyo, zikifungiwa ndani ya sanduku lenye joto la nyuzi 35, umri wao hupungua takriban nusu ukilinganisha na nyuzi 25. Kwa hiyo baada ya mwaka mmoja au miwili unakuwa na mlango unaoachia muda mfupi tu baada ya umeme kukatika, na hakuna anayejua mpaka siku hiyo.

Kuachia kwenyewe si kosa. Mlango ambao watu wataukimbilia wakati wa moto lazima uachie umeme ukikatika. Kosa ni kufunga sumaku hiyohiyo kwenye ghala ya hati au chumba cha fedha, ambako panatakiwa kufuli inayobaki imefunga bila umeme na kufunguliwa kwa ufunguo, huku aliye ndani akitoka kwa kitasa. Fundi akija na kufuli za aina moja kwa milango yote, arudishwe.

Halafu kuna chumvi. Jengo linalotazama bahari, kibamba cha chuma kinachoshikwa na sumaku huanza kutu, kutu huacha mwanya mwembamba mfano wa karatasi, na nguvu ya kushika huporomoka. Vidole navyo vina yao. Mwanamke anayelima mwani miaka kumi vidole vyake vimekwanguka, mashine haimsomi. Aliyetoka harusini na piko hadi kwenye ncha za vidole naye husumbuka. Palipo na alama za vidole pawe na njia ya pili iliyoandikwa: kitambulisho cha Mzanzibari Mkaazi, au barua ya sheha, kiongozi wa mtaa, kwa asiye nacho, na afisa mmoja mwenye mamlaka ya kuamua. Isipokuwepo, mlinzi atabuni yake, na muhali umerudi.

Kwa ofisi za kawaida, kwa hiyo, naegemea upande wa wananchi, kwa sharti moja: ukaguzi mgumu uhamishwe ndani. Ukumbi wa huduma uwe mbele, mtu aingie bila kuulizwa anakwenda kwa nani. Mlango wa kadi uanze pale penye majalada, kompyuta za malipo na afisi za wakuu. Ukimkagua kila mtu getini kwa sekunde arubaini, unapitisha watu tisini kwa saa. Wakija mia na hamsini saa ya kwanza, sitini wamekaa juani, na mlinzi ataanza kuwapitisha kwa makundi ili foleni ipungue. Ukaguzi wa namna hiyo ni mbaya kuliko kutokuwa nao, kwa sababu waliomo ndani wanaamini umefanyika. Mahkama nazo kesi zake husikilizwa hadharani. Kumtaka msikilizaji aeleze kilichomleta ni kumfungia mlango wenye haki ya kuwa wazi.

Chuo cha Mafunzo ni habari nyengine, na hapo nahamia upande wa pili. Kwa wasomaji wa Bara: ni miongoni mwa Idara Maalum za SMZ, pamoja na JKU (Jeshi la Kujenga Uchumi) na KMKM (Kikosi Maalum cha Kuzuia Magendo); wafungwa waliomo huitwa wanafunzi. Lango lake liwe na milango miwili isiyofunguka kwa pamoja, na anayefungua wa ndani asiwe yule anayefungua wa nje. Mlango wa kukagua metali uwekwe angalau mita moja mbali na nondo na mageti, la sivyo utalia kila gari likipita. Walinzi wakichoka na kelele huupunguza makali, na simu ndogo yenye plastiki nyingi itapita kimya. Dawa ni kuujaribu kila asubuhi kwa kipande kilekile cha chuma: kifundoni, kiunoni, begani.

Ila ugumu huo usimwangukie mama aliyebeba chakula. Kanuni za Nelson Mandela za Umoja wa Mataifa, za mwaka 2015, zinamruhusu mahabusu kuletewa chakula na familia yake, kwa mipaka ya utaratibu. Kinachoudhi ni namna kinavyokaguliwa: kijiko kimoja kinachovuruga wali wa huyu, kikatumbukizwa mchuzi wa yule, huku chakula kikipoa. Vyombo viwe vya kuonesha kilichomo ndani, mkate ukatwe na mleta chakula mwenyewe, kila hotipoti na kijiko chake safi, naye aonje mbele ya askari. Ni dakika mbili kwa mtu, na hayuko atakayeondoka analia.

Mwanamke akaguliwe na askari wa kike, kwenye kibanda chenye pazia, na mwenye nikabu afunue uso humohumo. Zamu moja inataka wanawake wawili, kwani mmoja atakwenda kusali au kula. Akikosekana, yanatokea mawili: mgeni anarudishwa, au anapitishwa bila kukaguliwa. Kanuni hizohizo zinataka upekuzi wa mgeni usimdhalilishe, na ule wa ndani ya mwili uepukwe, kwa mtoto usifanywe kabisa.

Na hapa ndipo tunapojidanganya. Tunamkagua mgeni wa nusu saa, askari anayeingia na mkoba wake kila siku tunampigia saluti. Novemba 2021, wafungwa watatu wa kesi za ugaidi walitoroka Kamiti, Kenya, gereza lenye ulinzi mkali. Waliokamatwa kwa tuhuma za kuwasaidia walikuwa askari. Wapo wanaosema kumpekua askari kunamvunja moyo mbele ya wanafunzi wake. Ni kweli, akichaguliwa kwa kidole: atajua nani kamtaja, na uhasama utafika mpaka mtaani.

Asichaguliwe na mtu. Mfuko wa kitambaa uning'inizwe kwenye lango la wafanyakazi na gololi kumi, tisa nyeupe na moja nyeusi. Kila anayeingia zamu anatia mkono bila kutazama. Mwenye nyeusi anakaguliwa, mkoba, viatu na mifuko, kisha gololi inarudishwa. Asubuhi kabla ya kuanza, maafisa wawili wazihesabu na kutia saini. Haihitaji umeme, haishiki kutu, na mkuu wa kituo awe wa kwanza kutia mkono, askari wote wakimwangalia.