Dani Aliuliza Chizi Ni Nani

Chapati mimi napiga vizuri, hata jirani wa ploti anajua, juu huwa anapitia tu saa ya kupakua. Sasa binamu yangu mwenye alienda Marekani, huko Vermont, akanitumia resipe ya pai ya matofaa yenye ganda la chizi na nikajiambia hii itanishinda na nini. Unga, siagi, matofaa, sukari, mdalasini. Kigeni hapo ni chizi peke yake. Akanieleza ati huko kwao haya ni mambo ya serikali, mwaka wa 1999 walipitisha sheria pai ya matofaa ndio pai ya jimbo, na ukimpatia mtu ujaribu kumwekea maziwa baridi, ama kipande cha chizi ya cheddar cha angalau kama gramu 14, ama aiskrimu ya vanila. Sheria kabisa! Na sisi hapa Kisumu hata kachumbari haina sheria.

Nikachagua siku Dani, nyanya yangu, amekuja kutoka Ahero. Hapo ndio nilianza kukosea.

"Nyakwara, unapika nini?"

"Pai, Dani. Unga nachanganya na chizi."

Akaweka kikombe chini. "Chizi gani? Ako wapi?" Na macho kwa mlango.

Nikamwonyesha ile cheddar, akainusa, akauliza bei, nikamdanganya. Ningetaja bei ya ukweli angebeba mkoba arudi Ahero.

Resipe ilisema siagi iwe baridi kama barafu, uikate vipande kama maharagwe, halafu uguse unga na ncha za vidole tu, juu hivyo vipande vikiingia kwa oveni maji yake yanageuka mvuke yanainua ganda linakuwa matabaka matabaka. Huyo mtu hajawahi kaa Kisumu saa nane mchana chini ya mabati. Nilikata kipande cha kwanza, kugeukia cha pili, cha kwanza kimeshakuwa mafuta ya kujipaka. Nikaongeza unga. Ikang'ang'ania kifimbo. Nikaongeza tena. Mikono ilikuwa imevaa glovu za chizi hadi kwa viwiko, simu inalia siwezi kushika, na Dani anakunywa chai ananiangalia hasemi kitu, na Dani akinyamaza jua anahesabu.

Ati donge likilegea liweke kwa friji saa moja. Friji yangu chini hakuna baridi, kazi inafanya huko juu kwa friza tu, basi nikalitupa huko, kwa sahani, bila kulifunika. Huko ndani kulikuwa na mwenye nyumba: nusu ya samaki mbuta nilitoa ufuoni Dunga jana yake, amefungwa na gazeti. Nani angeniambia siagi na chizi ni wezi wa harufu? Mafuta hayachagui, chochote kiko karibu yanabeba.

Donge likatoka gumu, likasukumika vizuri, nikaimba. Nikapanga matofaa ya kijani, yale makali, nikafunika, nikaangalia moto: 425. Oveni yangu inaishia 250. Nikaona basi hii yangu ni ya kitoto, nikazungusha hadi mwisho na nikaisukuma kidogo zaidi ndio isije ikanilaumu. (Binamu alikuja kuniambia baadaye hiyo ni Fahrenheit, kwa hesabu yetu ni kama 220. Asante sana.)

Chizi huwa inashika rangi haraka. Dakika 20 hazikuisha, juu kumekuwa kama sufuria ya githeri imeungua, ukidunga katikati tofaa bado linalia kru! Moshi ukatoka na dirisha na nikajua watu watakuja na maji. Alikuja mmoja, jirani, na sahani.

"Leo ni mbuta?" akauliza, anameza mate.

Nikadhani ananichezea. Dani akachukua kisu, akakwaruza weusi wote pole pole, akavunja pembe ya ganda, akatafuna muda mrefu sana macho yamefungwa.

"Nyakwara," akasema, "samaki mwenyewe umemficha wapi?"

Na akavunja tena. Matofaa alikuwa anayasukuma kando ya sahani na kijiko kama mtu anatoa miiba, wakagawana ganda lote wawili, mimi nimebaki na bakuli la matunda moto ya mdalasini, na jirani ananiuliza kama kuna ndimu.