VJ wa Walukuba hana tofauti na hawa wa Vienna

Juzi nilinyamazishwa kama mtoto wa madrasa kwenye ukumbi mmoja wa sinema hapa Vienna. Kosa langu ni kucheka. Kwenye skrini mwanamke anaingia nyumbani usiku, halafu picha inakatika, inajirudia, inapasuka, mpaka vile vitundu vya pembeni mwa mkanda vinamvamia usoni. Ni kazi ya Peter Tscherkassky, mtengeneza filamu wa Austria, ya 1999, dakika 10 tu. Alichukua filamu ya kutisha ya Hollywood, akajifungia kwenye chumba cha giza na kuinakili upya kwa mkono, picha mojamoja. Sekunde moja ina picha 24, pigeni hesabu wenyewe. Mimi nilicheka kwa furaha maana nilimwona VJ wetu wa Walukuba, kule Jinja, Uganda, yule anayetafsiri filamu papo hapo kwenye kibanda cha video. Mama wa mbele akageuka: "Pssst!"

Aliyekulia Jinja hana haja ya kuelezwa. VJ kafunga leso kwenye maikrofoni, anashusha sauti ya Schwarzenegger na kupandisha yake. Adui anapewa jina la mwenyekiti wa LC, baraza la mtaa, aliyekula hela za kisima. Mabusu anayarusha mbele, vijana wakipiga makelele anayarudisha. Ukitoka pale umeona filamu ambayo Hollywood haikuwahi kuitengeneza.

Hapa, anayekata na kuunga filamu za wenzake ni msanii. Anafundisha chuoni, anapewa ruzuku, na mikanda yake inalala kwenye vyumba vya baridi kuliko friji ya bucha. Kuna mtu analipwa mshahara kufungua makopo na kunusa, kwa sababu mkanda wa asetati ukianza kuoza hunuka siki. Kunusa! Na sisi? Kaseti ya VJ tuliibandika selotepu pale pembeni palipovunjwa ili isifutwe, tukarekodi harusi ya shangazi juu yake. Hata harusi yenyewe leo haipo.

Najua mtasema nimepanda ndege mara moja, sasa nawafundisha. Hapana jamani. Ningekuwa najiona Mzungu ningekaa kimya pale ukumbini kama wenzangu. Mwingine atasema VJ ni mwizi wa kazi za watu. Haya, na Bruce Conner, aliyeunga vipande vya habari za sinema na filamu za kauboi mwaka 1958 huko Marekani, tumwiteje? Makumbusho yanamwonyesha mpaka leo.

Halafu kuna yule mjuaji: "Mbona negativu 70,000 za picha za shirika la utangazaji la Uganda zilihifadhiwa, na picha za Amin zikaonyeshwa pale Makumbusho ya Uganda, Kampala, mwaka 2019?" Sawa, bwana, na nilijivuna sana kusikia. Lakini hizo ni picha za kamera ya serikali, rais akipiga saluti. Sauti ya kibandani, ile iliyomsema mwenyekiti wa LC mbele ya watu, nani kaiweka? Wakenya angalau msimulizi wao wa filamu, DJ Afro, wanamtaja kwa heshima, na Watanzania hawajamsahau wa kwao, Lufufu. Sisi tuna akina VJ Jingo, na bado mtu akitaja kibanda mnaona aibu mbele ya wageni.

Kwa hiyo wewe mwenye laiburali ya video pale karibu na soko, kaseti zako za zamani usizitupe. Hata zenye kuvu nazitaka. Nauli ya basi mpaka Kampala nalipa mimi, na usinitajie bei ya euro, nakufahamu.