Daraja la Mtumishi: Lini Tarajio Hugeuka Haki?

Mtumishi wa umma anapokaa kwenye daraja moja kuliko muda unaotajwa katika muundo wa utumishi wa kada yake, je, anaidai serikali au anasubiri hisani? Katika halmashauri za Tabora swali hili huulizwa zaidi na walimu, na pande zote mbili zina hoja nzito, ila si kwa hatua ileile.

Mwajiri husema kwamba miaka kazini pekee haimpandishi mtu daraja. Sheria ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2002 na kanuni zake zinatazama utendaji, sifa zilizowekwa na muundo, pamoja na nafasi iliyotengewa fedha katika ikama, yaani idadi ya watumishi iliyoidhinishwa, na halmashauri isiyoidhinishiwa nafasi haiwezi kumpandisha mtu kwa kumwonea huruma. Hata usitishaji wa upandishaji madaraja wa mwaka 2016, uliofanywa ili kuhakiki watumishi hewa na vyeti, haukuzuka hivi hivi, kwani mwaka uliofuata watumishi 9,932 walitangazwa kuwa na vyeti vya kughushi. Kwa aliye bado anasubiri kupendekezwa, naona hoja hii inasimama, ingawa ni vigumu kumweleza mwenye cheti halali kwa nini alipie kosa la mwenzake.

Hali hubadilika barua inapotoka. Chukua mwalimu wa Usinge, wilayani Kaliua, aliyeandikiwa kwamba amepandishwa kutoka TGTS C kwenda TGTS D, ngazi za mshahara za walimu, kuanzia tarehe iliyotajwa. Barua ina kumbukumbu namba, sahihi na muhuri, naye amejibu kwa maandishi kwamba ameikubali. Mwezi unaisha, hati ya mshahara bado inasoma TGTS C. Mwezi wa pili vivyo hivyo. Akifika kwa afisa utumishi anaambiwa kwamba taarifa zimeshatumwa kwenye mfumo na asubiri. Hapa hoja ya bajeti imechelewa, kwa sababu mahali pake palikuwa kabla ya barua kusainiwa. Ibara ya 23 ya Katiba inampa kila mtu haki ya ujira unaolingana na kazi yake, na mwajiri ndiye aliyekwisha kutamka kwa maandishi kwamba kazi hiyo ni ya daraja D. Anachodai mwalimu huyu ni deni, kwa hiyo tusiliite ombi.

Upandishaji uliporejea mwaka 2021, na baadaye ule wa mserereko kwa walioachwa nyuma, wengi walifikishwa kwenye madaraja waliyostahili. Ni hatua ya kupongezwa. Hata hivyo, mserereko unarekebisha mshahara wa kuanzia sasa; ile miaka ya katikati haijazwi nao. Upungufu huo unamfuata mtu hadi kustaafu, kwa kuwa pensheni ya PSSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii wa watumishi wa umma, hukokotolewa kwa wastani wa mishahara ya miaka mitatu iliyo bora zaidi, na anayekaribia miaka 60 huenda asiipate mitatu hiyo katika daraja jipya.

Penye ugumu hasa ni njia ya kudai. Marekebisho ya mwaka 2016 ya Sheria ya Utumishi wa Umma yanamtaka mtumishi amalize kwanza ngazi za malalamiko zilizo ndani ya utumishi wa umma, ndipo atafute nafuu chini ya sheria za kazi. Serikali ina sababu: mengi yangeweza kumalizwa mezani bila wakili. Lakini katika Tume ya Usuluhishi na Uamuzi mgogoro usiohusu kuachishwa kazi hupelekwa ndani ya siku 60, nje ya hapo mtu aombe kuongezewa muda na kueleza kila siku aliyochelewa. Mwalimu aliyeandika barua akanyamaziwa hana uamuzi wa kukatia rufaa, na wala hana uhakika siku zake zimeanza kuhesabiwa lini. Kanuni ingeweza kuliondoa tatizo hili kwa kuweka muda maalumu wa mwajiri kujibu, na kutamka kwamba ukimya baada ya muda huo ni kukataa, ili mtumishi apate pa kuanzia.