Kumtukana Rais, kumtukania mama

Mwanzoni mwa 2017 Stella Nyanzi, msomi wa Chuo Kikuu cha Makerere, aliandika Facebook kwamba Rais Yoweri Museveni ni makalio tu. Wakati huo huo alikuwa akimsakama kwa taulo za kike: kwenye kampeni Museveni aliahidi kuwagawia wasichana wa shule, kisha Wizara ya Elimu, chini ya mkewe Janet, ikasema hela hakuna. Nyanzi akasota rumande gereza la Luzira zaidi ya mwezi.

Wanaomtetea wanakumbusha kuwa Uganda ina historia ya utovu wa adabu wa makusudi. Miaka ya 1940 wanaharakati wa Buganda, Semakula Mulumba akiwemo, waliwaporomoshea kashfa maaskofu na watawala wa kikoloni, maana malalamiko ya heshima yalikuwa yakipokelewa kwa tabasamu na kuwekwa kabatini. Hoja hiyo naikubali. Habari ya taulo isingefika mbali kwa barua ya "Mheshimiwa, naomba kuwasilisha".

Lakini 2018 Nyanzi alitunga shairi la kulaani sehemu za siri za marehemu mama yake Museveni. Hapo ananipoteza. Museveni ana cheo na anaulizwa kwa cheo chake. Yule mama hakugombea chochote. Kumtukania mtu mama, huku kwetu ni kutafuta ngumi. Na matusi ya nguoni ndiyo hayo hayo wanayorushiwa wanawake wakithubutu kugombea: sera zao haziguswi, unajadiliwa mwili.

Je, jela ndiyo dawa? Agosti 2019 Nyanzi alihukumiwa miezi 18 kwa shairi hilo. Februari 2020 Mahakama Kuu ikaifuta hukumu, ikisema mahakama ya chini haikuwa na mamlaka. Januari 2023 Mahakama ya Katiba ikakifuta kifungu cha 25 cha sheria ya matumizi mabaya ya kompyuta, kilichoharamisha mawasiliano ya kuudhi, kwa kuwa hakina mipaka inayoeleweka. Serikali ilikuwa imeshajiwekea akiba: marekebisho ya 2022 yalileta makosa mapya, na Julai 2024 kijana wa miaka 24 akafungwa miaka sita kwa video za TikTok kuhusu Rais na familia yake. Muuza nyanya akitukanwa mtandaoni, sijui nani angehangaika hivyo.

Kenya ilichagua njia nyingine 2017, Mahakama Kuu ilipofuta kashfa kama jinai: aliyechafuliwa jina afungue kesi ya madai, adai fidia. Mimi ningeshika hiyo, ingawa ina pengo: marehemu hafungui kesi.