Lango la mafuta liliachwa wazi, sisi tukafungiwa kidirisha

Kila nikipiga simu nyumbani Mbozi, kusini-magharibi mwa Tanzania, kaka yangu ananiambia vikwazo dhidi ya Urusi ni kelele za wazungu tu, Urusi haijatikisika. Nikiingia kazini hapa Leipzig, Wajerumani wananiambia vikwazo vinafanya kazi, ni suala la muda. Mimi nilikuwa mwanafunzi Voronezh, Urusi, vilipoanza, na naona pande zote mbili zinaruka jambo lililo wazi kabisa kwa aliyekuwapo. Nchi iliyovamia jirani yake tarehe 24 Februari 2022 ilistahili kuwekewa vikwazo, tena vikali. Lakini vilipangwa vibaya. Vilianza na wasio na nguvu, vikaja kufika kwenye mafuta na gesi baadaye sana, na vingine hadi leo havijafika sawasawa.

Voronezh haiko mbali na mpaka wa Ukraine. Asubuhi ile uwanja wetu wa ndege ulifungwa pamoja na viwanja vingine vya kusini, na mtu akitaka kusafiri ilibidi apande treni hadi Moscow. Hofu yetu wanafunzi wa Kiafrika, Watanzania, Wakenya, Wazambia na Wakongo pale hosteli, haikuwa mabomu. Ilikuwa hela. Benki kuu ya Urusi ilipandisha riba kutoka asilimia 9.5 hadi 20 kwa siku moja. Ruble, ambayo kabla ya vita ilikuwa chini ya 80 kwa dola, ikaporomoka hadi kupita 120. Halafu wakapiga marufuku kuwauzia watu dola taslimu. Na tarehe 10 Machi, Visa na Mastercard wakaacha kufanya kazi: kadi ya benki ya Dar es Salaam ikawa kipande cha plastiki ukiwa Urusi, na kadi ya Urusi ikawa hivyohivyo ukitoka nje. Western Union nayo ikatangaza kusimamisha huduma. Siku kumi na nne tu tangu vita vianze, mzazi aliyeko Mwanza alikuwa hana njia ya kawaida ya kumtumia mtoto wake hela ya chakula.

Tuliishije? Kwa watalii wa Zanzibar. Kabla ya vita Warusi walikuwa wakimiminika Unguja, na vita vilipoanza wengi walijikuta Paje na Nungwi na kadi zisizosoma popote. Mrusi aliyekuwa Zanzibar alitaka shilingi za kulipa chumba. Mwanafunzi wa Voronezh alitaka ruble. Kwa hiyo mama wa mwenzetu anampelekea Mrusi shilingi kwa simu, na Mrusi anahamisha ruble kutoka benki yake kwenda kwa mwanafunzi. Ilienda kwa kuaminiana, kupitia mtu anayemjua mtu, na wapo waliodhulumiwa. Wenzetu wengine walifanya kazi usiku kwenye maghala, wengine walirudi nyumbani bila kumaliza shahada. Sioni mwanafunzi hata mmoja kati yao aliyekuwa akisaidia vita.

Mji wenyewe ulipata mshtuko. Sukari ilipotea madukani mwezi Machi, wazee wakawa wanagombania mifuko, hadi serikali ikazuia sukari kuuzwa nje ya nchi mpaka mwisho wa Agosti. Rimu ya karatasi nyeupe ikapanda bei mpaka ofisi ya kitivo ikaacha kutuchapishia. Juni, McDonald's ikafunguliwa tena kwa jina jingine na mmiliki mwingine. Mwezi huohuo kiwanda cha Lada kikaanza kutoa Granta isiyo na mifuko ya hewa wala breki za ABS, kwa kuwa vifaa vya kutoka nje vilikuwa havipatikani.

Sasa angalia. Juni hiyohiyo ruble haikuwa 120 tena. Ilikuwa karibu 52 kwa dola, imara kuliko kabla ya vita. Watu nyumbani walinitumia habari hiyo kwa furaha, kama vile timu yao imefunga bao. Mimi nilikuwa natafuta sababu, na sababu haikuwa ujasiri wa mtu yeyote. Ulaya iliendelea kununua mafuta na gesi, kwa bei ambayo vita vyenyewe vilikuwa vimeipandisha. Pipa la mafuta lilipita dola 120. Mwaka 2022 Urusi iliuza nje kuliko ilivyonunua kwa pengo la zaidi ya dola bilioni 200, na hilo lilikuwa kubwa kuliko miaka yote iliyotangulia.

Na hapa ndipo ninapoomba msomaji asinipite haraka. Machi 2022 benki saba za Urusi zilitolewa kwenye SWIFT, mfumo ambao benki za dunia hutumia kutumiana maagizo ya malipo. Gazprombank haikuwamo. Sberbank, benki kubwa kuliko zote nchini humo, nayo haikuwamo hadi Juni. Ziliachwa kwa sababu Ulaya ilizihitaji kulipia nishati. Ulaya ilizuia mafuta ghafi yanayosafirishwa kwa meli kuanzia tarehe 5 Desemba 2022, siku ileile walipoweka ukomo wa bei wa dola 60 kwa pipa. Mafuta yaliyosafishwa yakafuata Februari 2023. Marekani iliiwekea Gazprombank vikwazo kamili Novemba 2024. Gesi ya kimiminika inayoletwa kwa meli, Ulaya imepanga kuizuia kwa mikataba ya muda mrefu kuanzia Januari 2027.

Kidirisha cha mwanafunzi kilifungwa ndani ya siku kumi na nne. Lango la gesi linachukua karibu miaka mitano. Wahenga walisema kuvuja kwa pakacha nafuu ya mchukuzi, na katika pakacha hili mchukuzi alikuwa yule aliyekuwa anapigana.

Mbozi sasa. Mama analima mahindi na kahawa, na kule kwetu mahindi bila mbolea ni kupoteza muda. Nataka niseme haki: bei ya mbolea ilianza kupanda 2021, kabla ya vita, kwa sababu gesi ilikuwa ghali na China ilibana mauzo yake ya nje. Vita vikaikuta bei iko juu, vikaisukuma zaidi. Urusi na jirani yake Belarus ni kati ya wauzaji wakubwa wa mbolea duniani. Kufikia katikati ya 2022, mfuko wa kilo 50 wa DAP, mbolea ya kupandia, ulikuwa zaidi ya shilingi 130,000 nchini. Mama alikuwa amezoea kuununua kwa karibu nusu ya hapo. Aliniuliza kwenye simu, na sauti yake haikuwa ya lawama, kwamba hao niliokaa nao huko wanataka nini hasa. Sikuwa na jibu la kumpa.

Serikali ilifanya jambo. Tarehe 8 Agosti, kwenye Nane Nane ya Mbeya, Rais Samia alizindua ruzuku iliyoshusha mfuko hadi shilingi 70,000. Ilikuwa msaada wa kweli na nashukuru. Lakini kulikuwa na kujisajili, foleni kwa mawakala, mbolea kuchelewa kufika, na yule wa kijiji cha mbali na mawakala alikuwa wa mwisho kila mara. Petroli nayo, hata baada ya serikali kuweka ruzuku ya shilingi bilioni 100 kwa mwezi, ilivuka shilingi 3,400 kwa lita Dar es Salaam mwezi Agosti, na kwetu kusini ikawa zaidi kwa umbali. Nauli zikapanda. Ngano tunaagiza karibu yote, kwa hiyo andazi likapungua ukubwa. Mama alilima nusu ya shamba, nusu nyingine akaiacha.

Oktoba mwaka huo nilihamia Leipzig, baada ya Urusi kuanza kuita raia jeshini. Nilifika baridi ikianza, Wajerumani wakiwa na hofu kubwa ya bili za kupashia nyumba joto. Hofu hiyo ilikuwa ya haki, bei zilikuwa za kutisha. Ila nililolishuhudia sijalisahau. Serikali ilikuwa imetangaza mfuko wa euro bilioni 200 wa kuwakinga wananchi na viwanda. Desemba ilibeba malipo ya gesi ya mwezi ule kwa niaba ya kaya, na mwaka uliofuata ikaweka kikomo cha bei kwa sehemu kubwa ya matumizi. Hata Urusi, mwenye kuadhibiwa, ilipandisha pensheni na kima cha chini cha mshahara kwa asilimia 10 Juni 2022. Aliyeweka vikwazo alikuwa na kinga. Aliyewekewa alikuwa na kinga, kwa sababu lango lake la fedha lilikuwa wazi. Mwenye shamba la mahindi Mbozi, ambaye hakupigana na mtu, alikuwa na ruzuku ambayo nchi maskini ilijikamua kuitoa.

Viongozi wa Ulaya husema, na kwa maandishi ni kweli, kwamba chakula na mbolea havikuwahi kuwekewa vikwazo. Lakini mbolea ina mwenye nayo, ina benki, ina bima, ina meli. Dmitry Mazepin wa Uralchem, kampuni ya mbolea ya Urusi, aliwekwa kwenye orodha ya vikwazo ya Umoja wa Ulaya tarehe 9 Machi 2022, na tani zipatazo 260,000 za mbolea ya Urusi zikakwama kwenye bandari na maghala ya Latvia, Estonia, Ubelgiji na Uholanzi. Macky Sall, wakati huo Rais wa Senegal na mwenyekiti wa Umoja wa Afrika, aliwaambia viongozi wa Ulaya mwezi Mei kwamba kufungwa kwa njia za malipo kunazuia ununuzi. Akaenda Sochi Juni kumwambia Putin naye. Shehena ya kwanza, tani 20,000 za kwenda Malawi, iliondoka Uholanzi mwishoni mwa Novemba, ikakabidhiwa Machi 2023, baada ya Umoja wa Mataifa kuingilia kati. Kenya ilipata tani 34,000 mwaka 2023. Na Umoja wa Ulaya ulikuja kuruhusu kufunguliwa kwa fedha za watu fulani walioorodheshwa, kwa ajili ya chakula na mbolea, Desemba 2022. Mbozi mvua huanza Novemba. Anayejua kilimo anajua mbolea ya kupandia inayofika Desemba ina thamani gani.

Ndugu zangu mnaoshangilia kwamba Urusi haikutikisika, nanyi nina neno kwenu, nalo linatoka kwa mtu aliyekula ugali wa kuchanga katika hosteli zake. Ilitikisika, ila polepole. Riba ilifika asilimia 21 Oktoba 2024. Marafiki zangu waliobaki Voronezh wameahirisha kununua nyumba, na uchumi unaosemekana kukua unakua kwa kutengeneza mizinga. Na msiniambie ni vita vya wazungu. Mtanzania mwenzetu, Nemes Tarimo, aliyekwenda Moscow kusoma, alifungwa gerezani, akajiunga na Wagner, kundi la mamluki la Urusi, kwa ahadi ya kuachiwa huru, akauawa Ukraine Oktoba 2022. Mwili wake ulirudi nyumbani Januari 2023. Vita hivi vina mama wa Kitanzania anayelia. Kumshangilia aliyeanzisha, kwa sababu tu tuna kisasi cha ukoloni na walioko upande wa pili, ni kuwasahau watu wa Mariupol na wa Bucha, kule Ukraine, ambao hawakututawala kamwe.

Hoja yangu, kwa hiyo, si kwamba vikwazo viondolewe. Lango kubwa lingefungwa kwanza. Kama Ulaya ingeanza na mafuta na gesi Machi 2022, yenyewe ingeumia zaidi, hilo sifichi; ila ilikuwa na bilioni zake 200 za kujikinga, na mshambuliaji angekosa fedha mapema. Badala yake gharama ilisogezwa kwenda kwa wale ambao hawakuwapo mezani. Njia ya kulipia mbolea na ngano, na ile ya mzazi kumtumia mtoto wake mwanafunzi kiasi kidogo, zingetengwa tangu siku ya kwanza, kwa benki iliyotajwa jina na kwa kikomo kilichowekwa, kama vile Gazprombank ilivyotengewa kwa ajili ya gesi. Iliwezekana. Waliifanya kwa ajili yao.

Na sisi tusikae tukisubiri. Tarehe 2 Machi 2022, mataifa 141 yalipopiga kura Umoja wa Mataifa kulaani uvamizi, Kenya ilikuwa miongoni mwao, Tanzania ilijizuia. Tunaweza kubishana kuhusu kura ile mpaka asubuhi. Mimi ningepiga ya ndiyo. Lakini hata aliyejizuia angeweza wiki hiyohiyo kupeleka Brussels na Washington karatasi moja yenye madai: mbolea kiasi gani tunahitaji, kabla ya mwezi gani, ilipiwe kupitia benki ipi, wanafunzi wetu ni wangapi na wako miji gani. Wizara zetu za Kilimo, Fedha na Mambo ya Nje zina takwimu hizo, na zinaweza kuwa na karatasi hiyo tayari leo, kwa ajili ya vita vyovyote vitakavyofuata, kabla mvua za Novemba hazijaanza.