Eti "si namba tu"

Jumamosi iliyopita nilikosana na mtoto wa dada yangu kwa sababu ya mbwa. Mbwa mwenyewe hayupo, hajawahi kuwepo, ni picha tu ukutani ndani ya gemu, ila nilikasirika mpaka nikatoka nje nikakaa kwenye ngazi na chai yangu kama mzee aliyedhulumiwa shamba.

Dogo yuko likizo ya chuo, kaja kwangu kwa sababu kwao hakuna PlayStation na kwangu ipo, tusidanganyane. Anacheza The Last of Us Part II kwa mara ya kwanza. Mimi niliimaliza 2020 ilipotoka, nikairudia, na bado nikimwona mtu anaianza namwonea wivu. Sasa kafika ile sehemu ya mwanzoni, wahusika Ellie na Dina wako doria nje ya mji wao wa Jackson, theluji kila mahali, wanaingia kwenye supamaketi iliyokufa zamani. Huko nyuma kuna sefu. Nikasogea mbele kwenye kochi, nikamwita mke wangu njoo uone hii, maana najua kinachokuja. Dogo, bila hata kuweka pedi ya kuchezea chini vizuri, katoa simu, kagugo, sekunde kumi hazijaisha, saba, ishirini, kumi na tatu, sefu ta! imefunguka, kaokota vikorokoro vyake huyo kaondoka.

Nikamuuliza, hukusoma hata ile karatasi?

"Mjomba, si namba tu?"

Si namba tu. Haya.

Nyie mliocheza mnajua. Karatasi inakwambia namba ya sefu ni tarehe ya mfanyakazi bora wa mwezi, basi unahangaika unatafuta nani huyo mfanyakazi bora, unategemea kukuta jamaa wa kaunta mwenye tai, kumbe ukutani picha ni ya mbwa. Anaitwa Buckley. Wafanyakazi wa duka wamekaa, wamecheka, wamempigia kura mbwa, wakatundika picha yake kabisa na tarehe, 20 Julai 2013. Unaingiza, inafunguka, unacheka na wewe. Halafu kama ni mtu wa kufikiri, unakumbuka kwamba kwenye gemu hii dunia iliharibika tarehe 26 Septemba 2013. Yaani siku 68 baadaye. Siku 68 baada ya lile tabasamu la mbwa hakuna mfanyakazi, hakuna duka, hakuna mwezi wa kuwa bora. Na wewe umesimama hapo miaka ishirini na kitu baadaye unazungusha siku yao ya furaha kwa kidole ili upate vidonge na vipande vya vyuma.

Dogo kapata vidonge na vipande vya vyuma.

(Nikiri kitu kimoja hapa kabla hajakisema yeye. Mara yangu ya kwanza niliingiza 20-07-13 kama binadamu anavyoandika tarehe, haikufunguka, nikarudia, haikufunguka, nikaanza kuilaumu pedi, nikarudi kuisoma karatasi kama mara nne hivi, mpaka baadaye sana ndo nikakumbuka Wamarekani wanaanza na mwezi. Nusu saa nzima. Ila nusu saa ile yote nilikuwa namfikiria yule mbwa, sasa hiyo si ndo kazi ya fumbo?)

Hoja yangu ni moja tu, mengine yote ni makelele. Sefu kwenye gemu sio kufuli, ni mtu. Kuna mtu alikaa akachagua namba, na hakuna mtu anayechagua namba hivihivi, anachagua kitu asichoweza kukisahau, kwahiyo ukiijua namba umemjua yeye kidogo hata kama kafa kabla hujaingia kwenye stori. Ukiichukua YouTube umefungua chuma.

Na sio gemu peke yake. Yule mwanafizikia Feynman, kule Los Alamos walikotengeneza bomu la atomiki, hobi yake ilikuwa kufungua makabati ya siri ya wenzake. Kufuli zao zilikuwa na namba tatu, kila moja ni sifuri mpaka tisini na tisa, hesabu ya makaratasi ni milioni moja, nenda kajaribu zote tuone. Siku moja anataka karatasi kwenye kabati la mwenzake, mwenyewe hayupo, akapekua meza ya sekretari akakuta kaandikiwa namba ya pai mpaka tarakimu ya sita. Akajiuliza, sekretari anataka pai ya nini? Akajaribu 31-41-59, ikagoma. Akaigeuza, ikagoma. Hakukata tamaa, akafikiri mtu wa hesabu kama huyu asipotumia pai atatumia nini, akaweka 27-18-28, ile namba nyingine ya hesabu, 2.71828, kabati likafunguka. Na makabati yake mengine namba ilikuwa hiyohiyo! Siri za bomu hizo. Hakuvunja chuma, alimsoma mwenye kabati.

Mimi hili nililijua nikiwa darasa la sita, ila sikujua kama nimelijua.

Baba mdogo alifariki Tanga, mwaka wa tatu tangu arudi kutoka Muscat. Karatasi za nyumba zilikuwa kwenye begi lake la ngozi, zile za namba tatu pembeni ya mpini, na namba hakumwachia mtu. Wanaume wamejaa barazani, mmoja anasema aletwe fundi, mwingine anasema kisu kinatosha, bibi akatoka ndani akasema hakuna atakayevunja kitu cha mwanangu na arobaini haijafika. Basi wakajaribu mwaka wake wa kuzaliwa, tarakimu tatu za mwisho, wakajaribu namba ya nyumba, wakajaribu za simu, wakachoka wakaenda kula. Mimi nikachukua begi nikakaa nalo mkekani ukumbini, nikaanza 000, 001, 002. Mtoto hana kazi nyingine. Begi la namba tatu lina namba elfu moja tu na mimi nilikuwa na mchana mzima.

Vidole viliuma. Kwenye mia nne nilitaka kuacha. Lilifunguka kwenye 786.

Bibi aliiangalia ile namba akacheka, halafu akalia kile kilio ambacho hakulia hata siku ya mazishi. Maana baba mdogo duka lake juu ya mlango ameandika 786, ile namba Waislamu wengi huiandika badala ya Bismillahi, daftari la madeni ukurasa wa kwanza juu kabisa 786, baiskeli yake nyuma 786. Watu wazima wote barazani pale wamepita chini ya ile namba kila siku kwenda kununua sukari na hakuna aliyeikumbuka, na mimi niliyekuwa nadhani nina akili kuliko wote nimezungusha namba 787 kufika mahali ambapo dakika moja ya kumkumbuka yeye ingenifikisha. Ndani mlikuwa na hati, na picha ya bibi, na barua zangu nilizokuwa namwandikia Muscat nikimwomba viatu vya mpira. Kazitunza zote.

Kwahiyo dogo akiniambia si namba tu, anielewe nikitoka nje.

Tuendelee. Sisemi kila sefu ya kwenye gemu ni utenzi. Nyingi ni upuuzi. Kuna gemu, sitaitaja, sefu ipo chumbani na namba imeandikwa kwenye kikaratasi kilichobandikwa juu ya sefu hiyohiyo, sasa hiyo si fumbo hiyo ni risiti. Kuna zile ambazo namba inakaa levo tatu mbele, unarudi nyuma dakika ishirini kufungua, ndani risasi sita. Na kuna ile 0451, hiyo naisamehe kwa sababu ni utani wa ukoo: System Shock ya 1994 mlango wake wa kwanza ulikuwa 451, wameichukua kwenye Fahrenheit 451, riwaya ya kuchoma vitabu, halafu Deus Ex ikaiweka, BioShock ikaiweka, Dishonored, Prey, mpaka hii hii Last of Us ya dogo kuna geti Seattle linafunguka kwa 0451. Ukiijua unaiingiza bila kutafuta chochote na unajiona mwenyeji. Kuigugo 0451 ni kama kugugo jibu la hodi.

Nyingine ya kuheshimu ni Resident Evil 2. Ile ya 1998 sefu ya ofisini kituo cha polisi ilikuwa 2236, wakongwe wameikariri kuliko namba za wake zao. Wakaitengeneza upya 2019, wakabadilisha mpaka sefu yenyewe, sasa unazungusha kushoto tisa, kulia kumi na tano, kushoto saba. Mzee mzima unaingia kituo cha polisi kifua mbele, unajua kila kitu, na hujui kitu. Nilipenda sana.

Lakini mfalme wa hawa wote ni lile kufuli la Jindosh kwenye Dishonored 2, gemu ya wale watengenezaji wa Arkane, Lyon, Ufaransa, 2016. Wanawake watano wamekaa mezani, kila mmoja na rangi ya nguo yake, mji wake, kinywaji chake, na kito alichorithi, na wewe unapewa maelezo ya nani kakaa kushoto kwa nani na nani kamwagia nani kinywaji, useme kila kito ni cha nani. Ukilijibu unaruka karibu misheni nzima. Na raha yake ni kwamba kila ukianza gemu upya jibu linachanganywa upya, kwahiyo la YouTube sio lako. Nakumbuka nilicheka peke yangu sebuleni. Baadaye nikasikia watu wametengeneza programu, unajaza vidokezo vyako inakupa jibu, nikasema hawa ndugu zangu wana roho gani.

Nilikaa nalo siku mbili. Nimechora jedwali nyuma ya kalenda, nimefuta mpaka karatasi imetoboka. Siku ya pili umeme ukakatika, ila karatasi haihitaji LUKU, nikawasha tochi ya simu nikaendelea. Mke wangu, ambaye gemu kwake ni kelele inayotoka kwenye tivii, akauliza unafanya nini, nikamweleza. Akavuta kiti. Huyu mwanamke amekaa kwenye kamati za harusi sijui ngapi, kazi yake ni kupanga meza, shangazi huyu hawezi kukaa na yule walishtakiana kuhusu kiwanja, huyu lazima aone jukwaa, huyu msimweke karibu na vinywaji. Akaanza na aliyekaa katikati. Akasema huyu hawezi kuwa wa mji huu kwa sababu jirani yake keshakwambia. Sikuongea tena. Chini ya saa moja amewakalisha wote watano na vito vyao, akaniuliza, "Na bwana harusi yuko wapi?" Umeme uliporudi nikaingiza, mlango ukafunguka, akaenda zake kulala, hakutaka hata kuona ndani kuna nini. Mpaka leo ndo usiku wangu bora wa gemu na pedi niliigusa dakika mbili.

Sasa haki, kwa shingo upande. Kuna watu watasema wana watoto, kazi, foleni, ukifika nyumbani una saa moja ya kucheza huwezi kuimaliza kwenye sefu. Sawa. Kuna wanaosema ile Last of Us ukivaa hedifoni ukazungusha polepole, ikifika kwenye namba yenyewe mlio unabadilika, unaifungua kwa sikio bila kusoma chochote. Ni kweli, na hiyo siilaumu, angalau umesikiliza kitu. Na lipo moja linaniuma kweli: haya mafumbo yote yameandikwa kwa Kiingereza na kwa kumbukumbu za watu wengine. Silent Hill 3 ukiweka mafumbo magumu inakufungia mlango wa duka la vitabu mpaka uzijue tamthilia za Shakespeare, na sio kuzijua majina, kuzijua zinahusu nini. Hiyo nilitoa simu nikagugo mchana kweupe na sitaomba radhi. Siku wakiweka mlango unaofunguka kwa 786, au kwa methali, tutaonana, Wamarekani ndo watakaokaa YouTube.

Ila mbwa? Mbwa hahitaji Kiingereza. Picha ipo, tarehe ipo.

Nilirudi ndani chai imeisha. Dogo kaniona nimekaa kimya, akasema basi mjomba nisimulie, nikamsimulia Buckley, akasema "aisee", akaendelea kuua watu. Saa hizi yuko Seattle, anaelekea ile benki ambayo majambazi walikuwa wanaiba siku hiyohiyo dunia inaharibika. Namba ya sefu ipo kwenye karatasi yao wenyewe. Simu yake ina asilimia nne na chaja nimeihamishia jikoni, nyuma ya ndoo ya unga. Bado hajajua.