Ritu Phogat na kosa la kuharakishwa ulingoni

Mwaka 2019 Ritu Phogat aliiacha mieleka ya taifa la India, akaingia MMA, mapigano yale yanayoruhusu ngumi, mateke, mieleka na kabali kwa pamoja. Wapenzi wengi wa mieleka waliumia, na nawaelewa. Huyu ni binti wa Mahavir Singh Phogat wa kijiji cha Balali, Haryana, mzee aliyewafundisha mabinti zake mieleka wakati majirani wakiona ni aibu. Dada yake Geeta alitwaa dhahabu ya Michezo ya Jumuiya ya Madola mwaka 2010, Babita akafuata mwaka 2014, na hadithi yao ikatengenezewa filamu. Ritu mwenyewe alikuwa na medali ya fedha ya dunia ya vijana chini ya miaka 23, aliyoipata Poland mwaka 2017. Olimpiki ya Tokyo ilikuwa imebakiza mwaka mmoja na ushee. Akafunga virago kwenda Singapore.

Hoja ya kumlaumu si ya kupuuzwa. Mchezaji wa taifa halelewi na wazazi peke yao. Kuna kambi, makocha na fedha za umma. Kuondoka akiwa na miaka 24, umri ambao matunda ndiyo kwanza yanaiva, kuna hasara kwa waliomwandaa. Sisi tungesema mcheza kwao hutunzwa.

Lakini hapo ndipo mashaka yangu yanapoanzia. Olimpiki huruhusu mtu mmoja tu kwa kila nchi katika kila uzito. Kilo 48 alizozizoea Ritu zilifutwa kwenye Olimpiki zikawa 50, na mwaka 2018 aliyebeba dhahabu ya Michezo ya Asia katika kilo 50 alikuwa binamu yake, Vinesh. Nafasi ilikuwa finyu kuliko wengi walivyodhani. Na huyo Vinesh aliyebaki ametunzwa vipi? Mwaka 2023 alikuwa barabarani Delhi pamoja na Sakshi Malik, wakiandamana dhidi ya uongozi wa chama chao. Mwaka 2024 mjini Paris alimshinda Mjapani Yui Susaki, akafika fainali, kisha asubuhi ya fainali akaondolewa kwa kuzidi uzito gramu 100. Sisemi hayo yanamhalalishia Ritu kila kitu, maana alipoondoka hayakuwa yametokea. Nasema kubaki hakukuwa na dhamana yoyote, na mwenye mwili ndiye mwenye haki ya kuamua autumie wapi.

Kwa hiyo kuondoka simlaumu. Ninachokiuliza ni alivyoandaliwa huko alikokwenda.

Mwanzoni mambo yalinyooka. Novemba 2019, mjini Beijing, alimaliza pambano lake la kwanza katika ONE Championship, kampuni ya Asia inayoandaa mapigano hayo, ndani ya raundi moja, na hadi mwisho wa 2020 alikuwa ameshinda yote manne. Njia ilikuwa ileile: anaingia miguuni, anampiga mtu mwereka, anamkalia, anamshushia makonde. Wapinzani wengi wa uzito wake hawakuwa na dawa ya mwereka wa Haryana.

Ila mieleka ina mazoea yanayogeuka sumu ulingoni. Mwanamieleka hufundishwa tangu utotoni kwamba mabega mawili yakigusa mkeka, ameshindwa. Akihisi anapinduliwa hugeuka kifudifudi haraka, bila kufikiri. Katika MMA anayegeuka hivyo anatoa mgongo, na mgongo ukitolewa roba inafuata. Tena mwanamieleka akishamwangusha mtu chali huona kazi imekwisha, wakati mpiganaji wa jujitsu, mchezo wa kukaba na kukunja viungo mkiwa chini, akilala chali ndiyo kwanza anaanza kazi: miguu yake inakaba, mikono yake inawinda kiwiko chako.

Desemba 2021, kwenye fainali ya mashindano makubwa ya wanawake ya ONE, Ritu alikutana na Stamp Fairtex wa Thailand, mpiganaji aliyejengwa kwa ngumi na mateke. Stamp akiwa chini alimnasa mkono, akamlazimisha kusalimu amri raundi ya pili. Aliyemkamata chini hakuwa hata mtu wa mieleka! Septemba 2022 Tiffany Teo akampiga roba kutoka nyuma.

Hili halikumkuta Ritu peke yake. Mmarekani Sara McMann, mwanamieleka mshindi wa fedha ya Olimpiki ya Athens 2004, aliingia MMA mwaka 2011, na kati ya 2015 na 2021 alipoteza mapambano manne kwa kukabwa. Tatiana Suarez, mwenye shaba mbili za dunia za mieleka, alipitia jujitsu kabla ya kuingia MMA, na hapo ndipo tofauti yao ilipo: akikuangusha, yeye ndiye anayekukaba.

Sasa tazama ratiba ya Ritu. Mwaka 2021 peke yake alipanda ulingoni mara tano, matatu kati ya Septemba na Desemba. Kambi ya pambano humnoa mtu kwa silaha alizonazo. Ujuzi mpya unataka miezi ya kushindwa mazoezini bila tarehe kukusubiri. Watetezi wa ratiba ile watasema ulingo ndio mwalimu, na mashabiki wa India walikuwa wengi wakati jina lake likiwa moto. Hoja ya kibiashara naiona. Lakini aliyelipa gharama yake ni yeye, kwa mkono na shingo.

Februari 2025, baada ya kupata mtoto, alirudi ulingoni Qatar. Mjapani Ayaka Miura, mwenye asili ya judo, akamkunja mkono akasalimu amri. Hapo alifikisha ushindi mara saba na vipigo vinne, vitatu kati ya hivyo kwa kukabwa au kukunjwa mkono. Ningependa kusikia amekaa mwaka mzima kwenye mkeka wa jujitsu bila tarehe ya pambano, akianza kila zoezi akiwa amelala chali.